Masale Yaliyochelewa Mavuno Matatu

Jumatano, wakati wa vuli.

Mlima haukuonekana kutwa nzima. Ukungu ulishuka mpaka barabarani Maji ya Chai, na manyunyu yakanyesha tangu asubuhi hadi jua lilipoinama. Nimelowa, mgongo unaniuma, na nina hasira ambayo sijui niipeleke wapi. Nimekaa mlangoni mwa banda letu la vibarua kwa sababu ndani wenzangu saba wanavuta tumbaku na moshi hauna pa kutokea.

Naandika kwa sababu nikisema, nitagombana na mtu.

Mambo yote haya yametokana na kungoja. Sikuibiwa. Sikudanganywa, au nilidanganywa kidogo tu. Niliuziwa ardhi na mtu mwema, kwa maneno mema, mbele ya mashahidi, kisha nikakaa kungoja mpaka wema wote ukaisha.

Nilitoka kwetu Unyamwezi na mizigo ya watu begani, nikaja huku kwa kazi ya msimu mmoja. Msimu ukazaa msimu. Mzungu wa shamba hili la kahawa anatupa kadi, kila kadi siku thelathini za kazi, na siku haitiwi alama mpaka mnyapara aridhike. Ukiugua, siku haipo. Ukiitwa bomani, siku haipo. Kwa kadi hizo, baada ya kujinyima sana, nilijipatia mtamba mmoja na mbuzi wawili.

Mifugo hiyo nilimpa Mzee Kaaya, Mmeru wa hapa juu ya barabara aliyekuwa akituletea ndizi bandani. Chini ya kihamba chake, yaani ile migomba iliyoizunguka nyumba yake, palikuwa na kipande kilichoachwa pori, kinashuka hadi kijitoni. Aliniona nakitazama.

"Kichukue, mwanangu," akasema. "Ardhi isiyo na mtu inaota nguruwe."

Nilisoma miaka miwili kwa mapadre, basi nikajiona mtu wa karatasi. Niliandika mwenyewe: jina lake, jina langu, mtamba, mbuzi wawili, mpaka kutoka mti mkubwa wa mringaringa hadi kijitoni. Mzee akatia dole gumba. Halafu nikaongeza maneno ambayo leo kama ningeweza kuyala ningeyala: masale tutapanda baada ya mavuno.

Kwa Wameru ardhi haijawa yako mpaka yapandwe masale, ile mimea ya majani marefu inayosimama kwenye kila mpaka huku mlimani. Mwenye ardhi anakata masale kwake, anakupa mkononi, wewe unayachomeka ardhini, wazee wa ukoo wanaangalia, pombe ya ndizi inanywewa. Yakishasimama, hakuna anayethubutu kuyang'oa. Kabla ya hapo una maneno tu. Mzee alitaka ndugu zake wote wawepo na pombe iwatoshe, ndiyo maana akasema tungoje mavuno.

Kwetu mavuno ni mavuno. Mtama unakauka, watu wanakata, wanapura, ghala linajaa, ngoma inapigwa. Hata mtoto anajua siku ambayo kazi imekwisha. Hapa mgomba mmoja unakatwa leo, wa jirani yake mwezi ujao, na mwingine bado unachanua. Nilipokuja mara ya kwanza, mzee aliniambia ndizi za pombe hazijakomaa. Mara ya pili zilikuwa zimekomaa, lakini ndugu yake alikuwa amesafiri kwenda Kikwe. Mara ya tatu ndugu alikuwa amerudi, na ndizi zilikuwa zimekwisha msibani.

Sikumsukuma. Kwetu mzee hasukumwi.

Hiyo ndiyo sababu ninayowaambia watu. Iko nyingine, na kwa kuwa hapa hakuna anayenisikia, nitaisema. Nilipenda kungoja. Kila Jumapili nilipanda kwa mzee, nikapewa kibuyu, nikaitwa jirani, nikakiangalia kipande changu kutoka juu kama bwana mkubwa. Ardhi ya namna hiyo haina magugu. Wiki nzima nilikuwa nimeinamia mashimo ya kahawa ya mtu mwingine. Nani angetaka kuinama tena siku ya saba? Nilijiambia, masale yakipandwa nitaanza. Nikawa nakula heshima ya mwenye shamba bila kushika jembe.

Na mke wangu Kalunde nilimfanyia hivyo hivyo. Kila msafara uliokwenda kwetu nilituma maneno yale yale: bado kidogo. Binti yetu alikuwa ananyonya nilipoondoka. Wanasema sasa anachota maji.

Mwaka wa pili wa kungoja, Zakaria, mtoto mkubwa wa mzee, alirudi kutoka misheni akiwa amebatizwa. Jumapili moja nikamkuta anapanda machipukizi ya migomba kwenye nusu ya juu ya kipande changu. Nilimuuliza mzee. "Anakuanzishia, usihofu," akasema. Labda alikuwa anaamini. Mimi niliamini. Nilivua shati nikamsaidia Zakaria kubeba samadi kutwa nzima, na samadi yenyewe ilitoka katika zizi alimolala mtamba wangu, ambaye wakati huo alikuwa amekwishazaa.

Nilifikiri ni ujirani.

Masika iliyopita Mzee Kaaya akafa. Nililia kweli, na kaburi nilichimba pamoja na watoto wake. Matanga yalipoisha nikamwambia Zakaria habari ya masale. Alinitazama kama mtu aliyesahau jina langu.

"Masale gani?"

Ndipo nikaanza kwenda bomani Arusha. Mara ya kwanza Bwana Shauri, Mdachi anayekata kesi, alikuwa safarini, na askari wa mlangoni hakujua atarudi lini. Mara ya pili niliambiwa nilete mashahidi. Nilikuwa na wawili. Mmoja ni ndugu wa marehemu, akasema siku ile alikuwa amelewa, hakumbuki kitu. Wa pili ni Hamisi, mnyapara wetu, mtu wa pwani. Huyo alisema atakuja kahawa ikishapaliliwa.

"Kwani Mnyamwezi unataka ardhi ya nini?" aliniuliza mbele ya watu. "Nyinyi si mnatembea na nyumba begani?"

Watu wakacheka. Nami nikacheka, maana yeye ndiye anayetia alama kwenye kadi.

Mwezi uliopita ikaja habari iliyoninyima usingizi. Kalunde ameondoka kwetu. Hakungoja ruhusa yangu. Amejiunga na msafara pamoja na mtoto, na walioniletea habari walimwacha njiani, Mkalama, mzima, anatembea. Alinitumia maneno: "Nimechoka na bado kidogo. Nakuja kulima." Wakienda vizuri, mwezi utakapoandama watakuwa hapa. Katika banda hili hawezi kulala. Wanawake wa vibarua huwekwa nyuma ya zizi la maksai, na yanayotokea kule sitaki kuyaandika, seuze kumpeleka mke wangu na mtoto wa kike. Lazima niwe na nyumba. Na hakuna Mmeru atakayeniacha nisimamishe nguzo mahali ambapo masale hayajapandwa.

Basi juzi Jumatatu nikaenda mara ya tatu. Niliondoka jogoo wa kwanza, nikafika Sekei, pembeni mwa boma, jua likiwa tayari linauma. Hamisi alikuja, si kwa ajili yangu, alitumwa kuchukua majembe mjini. Zakaria alikuwa amekwishafika, amevaa kanzu safi.

Bwana Shauri aliisoma karatasi yangu mwenyewe, pole pole. Kiswahili anakijua.

"Baada ya mavuno. Mavuno ya mwaka gani?"

Nikaitazama karatasi mkononi mwake.

"Mavuno ya nini?"

"Ya ndizi, bwana."

Wameru waliokaa chini kungoja kesi zao wakaguna kwa kicheko. Akauliza kama nilimwona Zakaria akipanda migomba. Nikasema nilimwona. Akauliza nilimwambia nini. Kabla sijajibu, shahidi wangu mwenyewe akanitangulia.

"Alimbebea samadi, bwana," akasema Hamisi.

Hapo hata askari alicheka.

Zakaria hakucheka. Alisimama akasema vizuri, na ninaandika maneno yake kwa sababu tangu juzi hayanitoki. "Baba aliuza wakati ardhi ni nyingi, nguruwe wanaila. Sasa huku chini ni mashamba ya wazungu, huko juu msitu umefungwa, na sisi tuko katikati kama nafaka kwenye jiwe la kusagia. Nina wadogo watatu. Kama huyu angedai masale wakati baba yu hai, nani angembishia? Alikaa kimya. Nikajua amepaacha."

Nilimchukia sana kwa kuwa sikuona mahali alipokosea.

Bwana Shauri akasema hawezi kung'oa migomba inayozaa kwa ajili ya karatasi isiyo na siku. Nichukue ng'ombe wangu na mbuzi wangu, maneno yaishe. Kama sitaki, ningoje, atakuja mwenyewe kupaona mahali hapo baada ya masika.

Baada ya masika! Na sasa ni vuli.

Nikauliza habari ya ndama, maana mtamba wangu amezaa mara mbili. Zakaria akajibu kwamba nilitoa mmoja, nitapewa mmoja. Ndama wa kwanza amekwenda kwenye mahari ya mdogo wake. Wa pili bado ananyonya. Na kwa ng'ombe mmoja siku hizi, tangu reli ifike Moshi na kila mtu atake pa kupanda, hakuna atakayekuonyesha hata pa kuchimba choo. Ng'ombe yule yule aliyenunua kipande kizima leo hanunui kitu.

Nilirudi njia nzima nikiwaza jambo hilo. Miaka yote hii siku zilikuwa zinamfanyia Zakaria kazi. Zilimkuzia migomba, zilimzalishia ng'ombe, zilimzikia shahidi mkubwa, yaani baba yake. Mimi kwangu zilipita tu.

Leo asubuhi chuma cha kazi kilipogongwa, sikwenda. Nilipanda kwa Zakaria kwenye manyunyu. Sikuwa nimeamua kama nakwenda kumchukua ng'ombe au kumkataa. Nilimkuta anakata majani makavu ya migomba, ile ya samadi yangu. Imekuwa mizuri. Mikungu mingine imeegemezwa kwa miti isianguke.

"Ng'ombe yuko zizini," akasema bila kugeuka. "Kamba lete yako."

Mkono wangu ulikuwa umeshika panga langu la kazi, na naona aibu kuandika kwamba niliufikiria mkono huo. Lakini mama yake, mjane wa Mzee Kaaya, alikuwa ametusikia. Akatoka na gunia kichwani kujikinga mvua.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Umekuja kuchukua ng'ombe?"

"Nimekuja kwa ajili ya ardhi, mama."

Zakaria akatema mate. "Bwana Shauri amekwisha sema, mama. Ng'ombe, au angoje."

"Bwana Shauri alikuwepo baba yako akitia kidole?" mama akamwuliza. "Mimi nilikuwepo. Mbuzi nilipokea mimi, mmoja alikuwa anachechemea. Maziwa ya yule ng'ombe nani hajayanywa humu? Wewe? Mkeo?"

Nikaanza kuona mwanga. Akanigeukia mimi.

"Na wewe! Kila Jumapili uko hapa, unakunywa, unashiba, unalala kwenye majani mpaka jioni. Hata siku moja hukuweza kumwambia mzee, baba, leo tusinywe, leo tupande? Mwanaume mzima unakaa kungoja kuitwa kama mgeni wa harusi! Ulitaka nikusemee mimi?"

Zakaria akacheka. Mama yake akampiga begani kwa gunia lililolowa.

"Huku juu kumepandwa, kuna watoto wanakula hapa," akaendelea. "Kule chini hakujaguswa. Chukua chini. Masale yapandwe leo, kabla hamjakimbilia tena kwa Wadachi. Sitaki mume wangu alale kaburini na ng'ombe wa mtu."

Nilitazama chini. Ninapajua. Pana mawe, mfereji wa maji haufiki, na pembeni ni kijito chenye maji ya rangi ya chai.

"Mama, hiyo ni nusu."

"Ndiyo, ni nusu. Ukingoja masika itakuwa robo."

Nilisimama pale mvua ikinipiga. Pengine Bwana Shauri angekuja baada ya masika akanipa kipande chote. Pengine angehamishwa, akaja mwingine, akaniambia nilete mashahidi. Na Kalunde yuko njiani na mtoto. Nilijiona naanza kutafuta maneno ya kuomba siku mbili za kufikiri. Kweli kabisa, yalikuwa tayari mdomoni: mama, nipe siku mbili.

Nikayameza. Nikasema nakubali.

Zakaria akasema basi ndama ni wake na karatasi itiwe motoni, nisije nikaamka nayo siku nyingine. Nami nikasema, kama nilibeba samadi, nataka machipukizi kumi ya migomba hii, mazuri, nichague mwenyewe. Akafikiri. "Matano," akasema. "Kumi," akasema mama yake, akaingia ndani kutafuta pombe.

Wakaitwa wazee watatu wa jirani. Mmoja ni yule ndugu wa marehemu ambaye bomani hakukumbuka kitu. Leo alikumbuka kila kitu, mringaringa, mbuzi anayechechemea, hata shati nililovaa. Zakaria akakata masale kwenye mpaka wa baba yake, akanipa. Mkono wake ulikuwa wa baridi kama wangu. Nikachomeka la kwanza pale migomba inapoishia, tukashuka, la pili, la tatu, mpaka kijitoni. Wazee wakanyunyiza pombe kidogo, wakainywa iliyobaki. Yule mzee wa kumbukumbu akaniambia, "Sasa wewe ni mtu wa hapa," akanirudishia kibuyu kitupu.

Yote hayo hayakuchukua muda wa kuvuta kiko kimoja.

Hilo ndilo linaloniuma kuliko mawe. Mavuno matatu nilingoja jambo la kiko kimoja. Ndizi za pombe hazikuwa na haja ya kujaza pipa. Kibuyu kimoja kilitosha. Ukoo mzima haukuwa na haja ya kuja. Wazee watatu walitosha. Mzee Kaaya angeweza kunipa masale yale kwa mkono wake siku yoyote ya Mungu, na angenipa kwa moyo, na kipande kingekuwa kizima.

Nilipofika bandani, Hamisi alikuwa na kadi yangu. Siku ya Jumatatu haikutiwa alama, na ya leo pia haikutiwa. Nikamwambia nimepata ardhi, nahitaji siku nijenge kabla familia haijafika.

"Hongera," akasema. "Jenga Jumapili."

Wenzangu wamekwishapata la kusema. Wanasema Wameru wamemla Mnyamwezi. Wananionea huruma, wameniachia hata kiazi. Ningeweza kuishika habari hiyo na kumpelekea Kalunde akifika, naye angewachukia pamoja nami, tungeishi juu ya yale mawe tukiwachukia majirani. Ni habari nzuri, haina kosa langu ndani yake.

Lakini atamkuta mama Zakaria pale kijitoni, na mama yule hatanyamaza.

Nitamwambia mwenyewe. Nitamwambia nusu ya juu hakuna aliyeninyang'anya. Niliiacha kidogo kidogo nikiwa nimelala kwenye majani na kibuyu. Nitamwambia tuna nusu ya chini na machipukizi kumi. Akitaka kunitukana, anitukane kwanza, kisha tuokote mawe.

Mkono umechoka na mwanga unakwisha. Nguzo za nyumba nilikuwa nimepanga kuanza kuzikata Jumapili, kama alivyosema Hamisi. Nimeona neno hilo, Jumapili, nililiandika hapa juu pale nilipokuwa nalala na kibuyu, na nimeshindwa kulivumilia.

Kesho chuma cha kazi kikigongwa, nitakuwa nimeshakata nguzo mbili.